Saint Lucia ya Coon Rapids

Mgongo unalindwa kwa magoti. Chuchumaa, msogeze mzee karibu na kifua chako, usizungushe kiuno, na ukiona mzigo umekushinda, ita mwenzako. Basi. Hilo ndilo vijana wa kanisa mliloniomba niwaandikie ninyi mnaoanza kazi ya kutunza wazee, na nimeshamaliza. Nafasi iliyobaki nitaitumia kuwaeleza jinsi mtu mzima, mwalimu wa jiografia kwa taaluma, alivyopanda ndege kutoka Minneapolis kwenda kutalii Karibi, akaishia kumshika mama wa watu suruali.

Msicheke bado. Kuna mabaya zaidi yanakuja.

Mnaniita Mwalimu na wengi wenu hamjui kwa nini. Kule Kisii nilifundisha sekondari. Nilipofika Minnesota vyeti vyangu vikawa pambo la ukutani, nikafanya kama mlivyofanya ninyi: nikasoma ile kozi fupi, nikapimwa kifua kikuu, nikanunua viatu vyeupe, nikaingia shifti ya jioni kwenye nyumba ya wazee huku Coon Rapids. Nilijiambia ni kwa muda tu, nikitafuta kazi ya maana. Nimestaafu juzi, na goti la kushoto linalotabiri theluji vizuri kuliko redio.

Wiki ya kwanza nilikuwa wa kuhurumiwa. Nilikuwa nikiingia chumba cha kulia nasimama mbele, mikono nyuma, nangoja watulie. Mzee akisema leo Jumapili, namsahihisha: leo Jumatano. Bibi akisema mama yake anakuja kumchukua, namweleza kwa upole kwamba mama yake, kwa hesabu ya kawaida, hawezi kuwa hai. Bibi analia, mimi naona nimefundisha. Nawaambia haya ili mkikosea kazini mjue kuna mtu aliwatangulia, tena mwenye diploma.

Sasa nije kwa Lorraine, maana habari yote ni yake.

Lorraine aliendesha basi la shule maisha yake yote ya kazi. Alikuwa mwembamba, mrefu, na sauti yake bado ilikuwa ile ya kunyamazisha watoto wa viti vya nyuma. Kumbukumbu ndiyo ilikuwa imemwacha. Alichokula asubuhi hakijui, jina langu halijui, aliniita "kijana" mpaka siku niliyostaafu. Lakini kila jioni jua likianza kushuka, na mnajua majira ya baridi hapa jua linashuka hata hujamaliza kutoa sahani za mchana, Lorraine alichukua mkoba wake, akaenda kusimama mlangoni.

"Basi linatuacha," alisema. "Harold keshapanda."

Harold alikuwa mumewe, na alikuwa ameshafariki zamani. Ukutani chumbani kwake kulikuwa na picha yao wawili wamevaa kofia za majani, nyuma yao milima miwili iliyochongoka inatoka baharini. Binti yake, aliyekuwa akija kutoka Roseville kumwona, alitueleza kwamba wazazi wake walitoka nje ya nchi mara moja tu katika maisha yao, wakaenda Saint Lucia, wakapanda basi dogo lenye mwongoza watalii likawazungusha kisiwa siku nzima. Hilo ndilo basi alilokuwa akilingoja.

Ukimwambia hakuna basi, alipiga mlango makofi, akalia, na chakula cha jioni hagusi. Nguo zikaanza kumpwaya. Nesi mkuu akatuambia wazi kwamba mambo yakiendelea hivyo, Lorraine hatakula vya kutosha kuishi, na huku anagombana na mlango, itabidi ahamishwe kwenda kwenye wodi ya kufungwa, ile ya milango yenye kufuli, mbali, ambako binti yake asingeweza kumfikia kila wiki. Binti aliposikia alikaa kwenye gari lake pale nje muda mrefu bila kuliwasha. Nilimwona dirishani, na iliniuma.

Kwa hiyo nikaamua kumsaidia Lorraine. Nilifanyaje? Nilichukua kitambaa cha mezani cha karatasi, nikamchorea ramani. Hapa Minnesota. Hapa Bahari ya Karibi. Umbali huu wote, Lorraine, basi haliwezi kuvuka. Nilikuwa naandika neno "Ikweta" aliponipiga kwa mkoba. Ulikuwa na kitu kizito ndani, mpaka leo sijui ni nini.

Aliyeniokoa ni Mama Furaha. Mama huyu ni Mkongo wa Bukavu, alinitangulia kwenye kazi ile, na yote ya maana ninayojua alinifundisha yeye, kwa kawaida akiwa amenikasirikia. Alikuja na barafu ya kuniwekea kwenye sikio, akanitazama kwa masikitiko.

"Mwalimu, weye unabishana naye juu ya nini? Mama anasema bisi iko. Kama anasema iko, iko! Mumupandishe, muende, murudi, akule. Voilà."

"Basi lenyewe liko wapi, Mama Furaha?"

"Viti haviko? Eh! Umesoma yote ile, unashindwa na viti?"

Tukapanga viti vya chumba cha kulia safu mbili, vikitazama dirisha kubwa la upande wa maegesho. Lorraine akaja, akavikagua kwa jicho la dereva, akakaa kiti cha mbele na kuweka mkoba wake kwenye kiti cha pembeni, cha Harold. Wazee wengine watatu wanne wakapanda pia, kwa kuwa walikuwa hawana la kufanya. Mimi nikasimama mbele na upawa wa supu mdomoni kama kipaza sauti. Nje theluji ilikuwa inaanguka.

"Mabibi na mabwana," nikasema, "Saint Lucia ni kisiwa cha volkano. Hali yake ya hewa ni ya kitropiki."

Nikatafuta la kuongeza, sikulipata. Jiografia yangu yote ya Saint Lucia ilikuwa imeishia hapo. Lorraine akamwinamia Harold akamnong'oneza, kwa sauti ya kusikika hadi jikoni, "Huyu kijana amekariri."

Jasho likanitoka. Na mtu akibanwa anakimbilia wapi? Nikakimbilia kwetu. Nikanyoosha upawa kuelekea dirishani. "Upande wenu wa kulia, mabibi na mabwana, mnaona kilima. Pale juu yuko mama yangu, anachuma chai."

Wote wakageuka kulia. Pale dirishani palikuwa na lundo la theluji na gari bovu la mpishi. Wakatikisa vichwa, ndiyo, wanamwona.

Basi nikaendelea, siwezi tena kusimama. Nikawapitisha kwenye migomba. Nikawasimamisha njia panda kwa Bosibori, mwanamke wa kwetu anayeuza parachichi na asiyekubali uzibonyeze kabla ya kulipa. Nikawanyeshea mvua ya alasiri. Ilikuwa Kisii tupu, kila kitu mahali pake, ila nimeizungushia bahari pande zote. Wanafunzi wangu wa zamani wangenisikia wangeandamana. Lakini tuliporudi, Lorraine alishuka, akakaa mezani, akala kuku, akala viazi, akauliza kama kuna keki.

Hivyo ndivyo nilivyopata cheo cha mwongoza watalii. Kila shifti yangu, jua likishuka, viti vinapangwa, Lorraine anazunguka kisiwa, Lorraine anakula. Uzito wake ukarudi na habari za wodi ya kufungwa zikafa. Mama yangu alikuwa hai nilipoanza ziara hizo. Alipofariki sikuweza kwenda kumzika, karatasi zangu hazikuwa zimetulia. Jioni iliyofuata nilivaa viatu vyangu vyeupe nikaja kazini, nikashika upawa, na tulipofika kwenye kilima Lorraine akasema, "Yule pale, bado anachuma." Nilimpenda yule mama kwa hilo. Nikatangaza kwamba basi limeingia handaki, nikageuza uso.

Sasa sikieni kosa, maana ni lenu pia. Kila ziara ikifika katikati, Lorraine alikuwa anaziba pua kwa vidole viwili, anakunja uso, anapunga mkono mwingine mbele ya uso wake. Ninyi ni watu wa kazi hii. Mzee akiziba pua, akili yako inakwenda wapi? Kumbe unauliza! Nilikuwa nasimamisha basi, naomba radhi kwa abiria, namchukua Lorraine chooni, naangalia nepi. Kavu. Ananitazama kama mtu aliyetekwa nyara. Namrudisha, ziara inaendelea. Kesho, pua, chooni, kavu. Miaka! Nikamwandikisha kabisa kwenye utaratibu wa choo, na kila mgeni kazini nilimfundisha kwa fahari: Lorraine anakupa ishara mwenyewe, ujue kumsoma mgonjwa wako.

Mmoja wa wageni hao alikuwa Kemunto, ambaye mnamjua, anaimba hapa kwaya. Huyu ndiye aliyechukua shifti yangu nilipokaribia kustaafu, na hapo ndipo usingizi ulipoanza kunipaa. Siku nisizokuwepo, wenzangu walikuwa wamejaribu kuongoza ziara. Lorraine alikuwa anawasikiliza kidogo, anashuka, anaenda mlangoni, na sahani inabaki imejaa. Siku mbili tatu za mapumziko yangu alizivumilia. Lakini nikiondoka moja kwa moja je?

Kemunto alijaribu, masikini. Binti kazaliwa hapa. "Mwalimu, sasa mimi nitawaambia nini?" akaniuliza. "Kisii nimeenda once, kwa mazishi ya babu wa rafiki yangu. Chai mimi huijua tu ya packet."

Nikaliona tatizo kwa macho ya mwalimu. Ziara yangu ni uongo uliotoka kichwani mwangu, hauwezi kurithiwa. Lakini Saint Lucia ya kweli ipo, na ukweli unaweza kumfundisha mtu yeyote. Watoto wangu walipokuja kuniuliza baba unataka tukulipie safari ya wapi sasa umestaafu, walikuwa wameshajiandaa kusikia Yerusalemu. Nikasema Saint Lucia. Wakatazamana. Mke wangu akauliza kama kuna mwanamke.

Nikaenda Roseville kwenye yale maduka, nikanunua shati la maua. Asubuhi ya safari binti yangu aliyeni-drive hadi uwanja wa ndege alinisihi nimwachie jaketi garini. Nilikataa, baridi ni baridi. Kwa hiyo nilizunguka Karibi nzima nimekumbatia jaketi la manyoya kama mtoto mchanga, na kila aliyeniona alijua natoka wapi.

Basi dogo lilituchukua hotelini asubuhi. Mwongozaji alikuwa mwanamke wa makamo anaitwa Vernice, mcheshi, mwenye sauti ya kuamuru. Dereva alikuwa amekaa kulia na gari linapita kushoto, kama nyumbani, nikafurahi mpaka nikataka kumwambia kila mtu. Nikamwambia jirani yangu. Alikuwa mama mnene kidogo mwenye kofia kubwa, na mumewe kando yake. Nikawauliza wanatoka wapi. Eden Prairie, hapa hapa Minnesota! Yaani tungeweza kukutana kwenye kituo cha mafuta.

Nilikuja kuikariri njia kwa ajili ya Kemunto, lakini barabara ya kule ni kona juu ya kona, na tulipopanda mlima wa tatu nilikuwa naisoma jiografia ndani ya mfuko wa plastiki. Vernice akanihamishia kiti cha mbele, akanipa kipande cha tangawizi. Kisha tukasimama kwenye shamba la migomba. Vernice akaeleza mkungu unavyotoka, na kwa nini wanauvalisha mfuko wa bluu, na abiria wote wakashuka kupiga picha. Na mimi, Mgusii wa Kisii, niliyezaliwa ndani ya migomba, nikashuka nikapiga picha za migomba. Mama wa Eden Prairie akaniuliza kama nimewahi kuona ndizi zikiwa mtini. Nilikuwa nimechoka kutapika, nikajibu ni mara yangu ya kwanza.

Mchana tukafika kwenye maporomoko ya maji. Unashuka kwa ngazi za mawe, zimelowa. Mama wa Eden Prairie alikuwa mbele yangu, na goti lake, nililiona tangu asubuhi, halikuwa zuri. Akateleza kidogo, kidogo tu. Ninyi mnaujua ule mkanda mpana tunaowafunga wazee kiunoni ili tuwashike wasianguke. Mkono wangu haujui kwamba nimestaafu. Ukaenda wenyewe. Mkanda haukuwepo, ukashika kilichokuwepo, yaani suruali ya mama wa watu, kwa nyuma, ngumi nzima, na nikavuta juu kama nilivyofundishwa.

Alipiga yowe mpaka ndege wakaruka.

"Nakushikilia, mpenzi, usiogope, mguu ule mwingine kwanza," nikasema, kwa ile sauti yetu ya kazini. Kila neno lilizidi kuniharibia. Mumewe akageuka. Angekuwa mtu wa kwingine ningekula ngumi, lakini huyu alikuwa wa Minnesota, na mnajua wao wakichukizwa kabisa wanasemaje. Akatazama mkono wangu. Akasema, "Hii ni tofauti kidogo."

Nikaachia. Nikajieleza, nikaeleza wazee, mkanda, Coon Rapids. Vernice alikuwa ameegemea jiwe anacheka machozi. Wakati wa chakula nilikaa mbali nao kwa adabu, nikakaa na mzee mmoja Mwingereza, na tulipokuwa tunazungumza nikashtuka kuona nimeshamkatia kuku wake vipande vidogo vidogo. Alinishukuru. Nadhani alifikiri ni sehemu ya huduma. Na tulipoinuka, yule mama wa Eden Prairie akashindwa kutoka kwenye benchi, na kutoka mbali nikasikia mdomo wangu unasema, "Tayari? Moja, mbili, tatu!" Akainuka kwa "tatu," sawasawa kabisa.

"Wewe ni nesi?" akaniuliza.

"Hapana, mama. Mtalii."

Kuanzia hapo alinishika mkono mwenyewe kila penye ngazi, na mumewe akapata nafasi ya kupiga picha zake.

Kituo kilichofuata kilikuwa volkano. Ipo, jamani, si ya kwenye kitabu. Gari linakwenda hadi karibu kabisa, unasimama kwenye uzio wa mbao, chini yako tope la kijivu linachemka na mvuke unatoka ardhini. Mlango wa basi ulipofunguliwa harufu ikaingia, harufu ya mayai yaliyooza, nzito, unaionja mpaka kwenye ulimi. Na basi zima, wote kwa pamoja, wakaziba pua kwa vidole viwili, wakakunja uso, wakapunga mkono mbele ya uso.

Nilisimama pale na jaketi langu.

"Lorraine," nikasema kwa sauti. "Ee Mungu wangu. Lorraine!"

Miaka yote ile nilikuwa namtoa kwenye volkano nampeleka chooni.

Vernice akanijia akadhani natapika tena. Akauliza Lorraine ni nani, nami nikamweleza yote, viti, upawa, Harold, nepi. Alisikiliza bila kucheka, isipokuwa pale kwenye nepi.

"Na kwenye ziara yako volkano uliiweka wapi?" akauliza.

"Sikuiweka."

"Uliweka nini?"

"Mama yangu. Anachuma chai."

"Hapa hatuna chai," Vernice akasema. Kisha akanitazama kidogo. "Kwa hiyo hukumwonyesha volkano, lakini alipofika hapa aliiona."

Hilo lilinipa nguvu mno. Nikajua kumbe ndani ya kichwa cha Lorraine njia ya kweli bado ipo, kona kwa kona, na mimi nilikuwa nampigia kelele za Kisii tu njiani. Nikirudi na ziara ya kweli atafurahi, na Kemunto ataweza, na Lorraine atakula hata mimi nikiwa kaburini. Ndani ya ndege nilipanga mafundisho yote kichwani, nikajiona nimekuwa mwalimu tena. Mtu anapojiona hivyo, ninyi mkae mbali naye.

Nilimpiga Kemunto msasa. Mifuko ya bluu, ghuba za wavuvi, mkate wa muhogo wa kando ya barabara, milima miwili iliyochongoka. Nikamkataza kabisa kutaja chai. Siku yenyewe nikaja na kikombe cha plastiki chenye mayai niliyoyachemsha nikayaacha mpaka yakaharibika, mke wangu hajanisamehe.

Viti vikapangwa. Lorraine akakaa mbele, mkoba kwenye kiti cha Harold. Kemunto akashika upawa, akasema vizuri kabisa, nami nikakaa nyuma nikiwa na kikombe. Lorraine alisikiliza. Kemunto alipofika kwenye volkano nikafungua kifuniko.

Pua ikazibwa. Lorraine akamgusa Harold kwa kiwiko. "Mayai yako tena!" akasema, akacheka, kicheko cha msichana, sijawahi kukisikia. Binti yake, aliyekuwa amesimama mlangoni, akashika mdomo. Nikajiona nimeshinda. Nikaanza hata kupanga nitakavyowasimulia.

Kisha Lorraine akageuka kutazama upande wa kulia. Akatazama, akatazama.

"Yule mama yuko wapi?"

"Mama yupi, Lorraine?" Kemunto akauliza.

"Mama wa chai."

Na Kemunto, kwa kuwa alikuwa amefundishwa na mwalimu mwenye akili timamu, akajibu, "Saint Lucia haina chai, Lorraine."

Kilikuwa kile kitambaa cha karatasi upya. Lorraine akainuka, akachukua mkoba, akaenda mlangoni. "Hamjui njia," akasema. "Hakuna hata mmoja wenu anayejua njia." Kuku alikuwa anapoa mezani. Binti yake akaanza kumsihi, na mimi nikainuka nikadaka upawa, niokoe jahazi, nikaanza kusema kilima, kilima kile, lakini Lorraine hakugeuka. Nilikuwa nimekwenda mpaka Karibi kumharibia kisiwa chake. Nilitamani kulia, mtu mzima na shati la maua.

Mama Furaha alikuwa anapita na kitoroli cha vyombo. Akasimama.

"Mwalimu. Uyu mama kazi yake ilikuwa nini?"

"Dereva."

"Na weye ulikuwa dereva siku gani? Mumupe bisi yake!"

Akamshika Lorraine kiwiko, akamnong'oneza kitu, akanipokonya upawa, akamkabidhi. Lorraine akautazama ule upawa. Akatutazama sisi tuliosimama. Mgongo wake ukanyooka.

"Kaeni," akasema. "Gari haliondoki mtu akiwa amesimama. Wewe kijana wa nyuma, usiguse wenzako."

Tukakaa wote, binti yake pia, Mama Furaha pia na kitoroli chake. Na Lorraine akaondoa basi. Akatupitisha kwenye migomba. Kwa Bosibori akatuonya mtu asibonyeze parachichi. Kwenye volkano akaziba pua, nasi tukaziba. Halafu akapunguza mwendo, akaelekeza upawa dirishani.

"Kulia kwenu kile ni kilima. Yule ni mama wa kijana mmoja aliyekuwa akituongoza zamani. Kikapu kiko mgongoni. Amefunga kitambaa cha njano. Msimwite, mvua inakuja na anataka kumaliza mstari."

Kitambaa cha njano. Kumaliza mstari. Lazima niliwahi kuyasema, jioni moja miongoni mwa zile zote, kisha nikayasahau kabisa, mimi niliyemzaa mama yule kwa maneno. Mama yangu alikuwa hivyo hasa, haondoki shambani mvua ikimnyeshea mpaka mstari uishe. Huyu asiyejua amekula nini asubuhi ndiye aliyekuwa amemtunza. Nililia, wala sikujificha, hakukuwa na handaki.

"Pungeni mkono," Lorraine akaamuru. "Anatuangalia."

Tukapunga, basi zima. Pale nje kulikuwa na mtu anasukuma theluji kwenye maegesho. Akatuona, akasimamisha mashine yake, akatupungia.

Lorraine alikula kuku wote, akauliza keki. Tangu siku ile Kemunto haongozi kitu. Anapanga viti, anamkabidhi upawa, anakaa.

Kwa hiyo ninyi mtakaopangiwa shifti ya jioni Coon Rapids, msijisumbue kujifunza njia. Pandeni tu, mkae, mnyamaze. Lorraine akiziba pua msimpeleke chooni, ni volkano. Na akipunguza mwendo pale kwenye kilima cha kulia, pungeni mkono. Yule ni mama yangu.